Gladiola ya Harufu ya Jioni: Mwongozo Kamili wa Kuipanda Tabora

Gladiola nyingi tunazoziona Tabora ni za harusini na altareni: ndefu, nyekundu au za waridi, maua makubwa yamejipanga upande mmoja wa bua, na ukisogeza pua hupati kitu. Mwongozo huu ni wa nyingine. Ni gladiola ya porini, nyeupe, yenye doa la rangi ya zambarau iliyoiva kooni, na jua likishazama hutoa harufu tamu inayokufuata hadi barazani. Jina lake la kitaalamu ni Gladiolus murielae. Asili yake ni Afrika hii hii: Ethiopia, Burundi, Tanzania, Malawi na Msumbiji. Hata hivyo wanaoipanda kwa wingi ni watu wa Ulaya, na karibu kila maelekezo utakayoyakuta kwenye paketi yameandikiwa mtu anayeogopa barafu: panda Aprili au Mei, chimbua Oktoba kabla baridi kali haijaingia. Ukiyafuata hayo Ipuli au Urambo, utapanda mvua inapokata na utachimbua inapokaribia kurudi. Mmea huu hukua na mvua na kulala kiangazi. Kalenda yake ndiyo ile ile ya shamba lako la mahindi, na karibu kila hatua iliyomo humu inatokana na jambo hilo.

Ijue kabla hujaitafuta

Mmea hufika urefu wa sentimita 70 hadi 100. Majani ni marefu, membamba, yenye ncha kali. Bua moja hubeba maua kadhaa, nayo hufunguka moja baada ya jingine kuanzia chini, kwa hiyo bua zuri hukupa maua kwa wiki mbili au zaidi. Petali ni sita. Kinacholipambanua ua hili na gladiola nyingine ni mrija wake, yaani ile shingo nyembamba iliyopinda kidogo inayotoka kwenye bua hadi usoni pa ua. Hufika sentimita 12 hadi 15, na ndiyo inayolifanya ua liiname.

Urefu huo una kazi. Asali ya ua iko chini kabisa ya mrija, na nyuki, hata hawa wetu wa miombo walio hodari, hawaifikii. Anayeifikia ni nondo mkubwa wa usiku mwenye ulimi mrefu aliouviringisha chini ya kichwa, yule anayeelea hewani mbele ya ua bila kutua. Mkulima wa viazi vitamu anaijua jamii yake: kiwavi mnene mwenye pembe mkiani anayekula majani ya viazi hukua akawa nondo wa aina hiyo. Ndiyo sababu ua ni jeupe, lionekane gizani, na ndiyo sababu harufu huzidi kuanzia magharibi. Ukiinusa saa sita mchana utasema umeuziwa mmea si wenyewe.

Usiichanganye na Gladiolus dalenii, gladiola ya porini iliyoenea zaidi katika Afrika ya kitropiki, Tanzania ikiwamo. Hiyo maua yake ni ya machungwa, mekundu au ya njano, petali ya juu imeinama kuzifunika nyingine, haina harufu ya kusema, na mgeni wake ni ndege chozi. Ni mmoja wa wazazi wa gladiola za harusini. Nzuri kwa macho, lakini siyo hii. Ukiwa na shaka angalia shingo ya ua: ile ya dalenii ni fupi na nene, ya murielae ni ndefu kuliko upana wa kiganja chako.

Kuna suala la majina ambalo litakugusa mfukoni. Mwaka 1844 mtaalamu wa mimea Hochstetter aliueleza mmea huu kwa jina Acidanthera bicolor. Jina Gladiolus murielae lilichapishwa mwaka 1932, na mwaka 1973 likaja Gladiolus callianthus. Leo wataalamu wamerudi kwenye murielae, lakini wauzaji wengi bado wanaandika Acidanthera, na wengine callianthus. Ni mmea mmoja. Usiagize mara tatu ukidhani unakusanya aina tatu.

Kupata matunguu

Gladiola hii huota kutoka kwenye tunguu dogo la mviringo lililofunikwa maganda ya nyuzinyuzi. Njia ya kwanza inayomjia mtu akilini ni kuingia porini na jembe. Usifanye hivyo. Ndani ya hifadhi ya msitu utahitaji kibali cha Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania, na hata nje ya hifadhi, ukichimba tunguu lililokomaa umeondoa mama na watoto wake wote kwa pigo moja. Ukiwahi kuikuta porini, rudi baada ya maua kunyauka uchukue mbegu kidogo. Namna ya kuziotesha iko mwishoni.

Njia iliyonyooka ni kununua matunguu ya bustani. Yakitoka nje ya nchi, kibali cha kuingiza mimea huombwa kwa TPHPA, Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania, kabla mzigo haujatumwa, na muuzaji atoe cheti cha afya ya mimea cha nchi yake. Najua wapo wanaoyatia kwenye begi kati ya nguo. Matunguu ya gladiola hubeba virusi, ukungu wa uozo na thiripi, wadudu wadogo mno, bila kuonyesha dalili yoyote, na hasara yake haitaishia kwako. Jirani anayelima maharage naye ataipata.

Ukipewa nafasi ya kuchagua, chukua tunguu lenye kipenyo cha sentimita mbili au zaidi, lililo nene kwenda juu. Lililo bapa kama kifungo mara nyingi ni zee na hutoa bua dhaifu. Libonyeze kwa kidole gumba: liwe gumu pande zote. Likibonyea, likiwa na doa la kahawia lililodidimia, au likinuka uvundo, litupe mbali na bustani.

Muda wa kupanda

Tabora mjini iko takriban mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, mwinuko unaoufaa mmea huu vizuri. Mvua huanza Novemba na hukata Aprili au mapema Mei, na katikati, mara nyingi Januari au Februari, hupumzika kwa siku kadhaa za jua kali. Panda mvua ikishashika kweli, kuanzia mwisho wa Novemba hadi katikati ya Desemba. Ile mvua ya Oktoba ya kupoza vumbi isikudanganye: tunguu litaamka, litatoa kichipukizi, kisha udongo utakauka tena likiwa limeshatumia nusu ya akiba yake.

Kutoka kupanda hadi ua la kwanza ni kama miezi mitatu, pengine minne. Ukipanda mwanzoni mwa Desemba, maua yataanza Machi. Huo ni wakati mzuri kwa sababu udongo bado una maji, na jioni nyingi ni tulivu, harufu haipeperushwi. Ukitaka maua yasiishe kwa mpigo, gawa matunguu mafungu mawili, la pili ulipande wiki mbili baada ya la kwanza. La tatu silipendekezi, litakukuta Mei mvua imekwisha.

Shida inakuja kwa matunguu ya Ulaya. Huko huuzwa miezi ya mwanzo wa mwaka, yaani yanakufikia Machi au Aprili, wakati bustani yako inajiandaa kulala. Kuyaweka hadi Novemba ni kuyakausha miezi minane, na mengi hayatavumilia. Bora uyapande mara yanapofika, kwenye ndoo, uyamwagilie kwa mkono hadi yachanue, pengine Julai. Usiku wa kipupwe wa Tabora ni baridi kidogo lakini hauna barafu, na mchana kuna jua. Majani yakifa karibu na Septemba, acha yapumzike, kisha uyaingize kwenye kalenda ya mvua mwishoni mwa Desemba. Msimu huo wa kwanza yatakuwa yamechoka na maua yatakuwa machache. Msimu wa pili yatakuwa yameshazoea.

Walioko Kasulu na Buhigwe mvua huwawahi, kwa hiyo wauanze mpango mzima wiki kadhaa mapema. Kigoma mjini, kando ya ziwa, ni chini zaidi na joto ni zaidi. Huko upe mmea kivuli cha mchana.

Mahali na udongo

Porini mmea huu hupenda nyasi zenye unyevu na miamba inayochuruzika maji msimu wa mvua. Maana yake unataka maji mengi yanayopita, si maji yaliyotuama. Udongo wa kichanga wa maeneo mengi ya Tabora, Uyui, Sikonge na Urambo unapitisha maji vizuri ila hauna chakula wala haushiki unyevu. Kwa kila mita moja ya mraba changanya ndoo moja kubwa ya samadi ya ng'ombe iliyooza kabisa, ile ambayo haina joto wala harufu tena, hadi kina cha sentimita 25. Samadi mbichi huozesha matunguu. Bora ukose samadi kuliko kuitia mbichi.

Wenye mbuga nyeusi, kama sehemu kubwa za Igunga, wasihangaike kuurekebisha udongo. Panda kwenye ndoo, au inua tuta la sentimita 30 lenye mchanga mwingi. Kwa jumla tuta linafaa kila mahali hapa, na mkoa huu watu wanajua kulima matuta kuliko mimi ninavyoweza kueleza.

Epuka shamba la zamani la tumbaku. Minyoo fundo, ile midogo inayovimbisha mizizi, hupenda tumbaku na udongo wa kichanga, na hubaki ardhini ikisubiri mzizi mwingine. Vivyo hivyo usipande karibu na maharage au matango, kwa sababu nitakayoieleza kwenye magonjwa.

Jua liwe la kutosha, angalau saa sita kwa siku. Chini ya mwembe mmea utakua majani marefu yaliyolala na hautatoa bua. Halafu fikiria pua yako: panda mita mbili au tatu kutoka mahali mnapokaa jioni, upande unaotoka upepo. Hili watu hulisahau, wanapanda mbele ya geti ili wapita njia waone, kisha harufu wanaifaidi bodaboda.

Kupanda

Chimba mfereji wa kina cha sentimita 10 hadi 12 kwenye kichanga, au 8 kwenye udongo mzito. Kina hiki si cha kupunguzwa: tunguu lililo juu hupata joto kali la udongo, na bua lake huanguka upepo wa kwanza. Nyunyiza mbolea chini ya mfereji. NPK 10:18:24, ile inayotumika kwenye tumbaku, inafaa kwa sababu ina potasiamu nyingi, na kwenye nyumba nyingi za Urambo na Kaliua hubaki kidogo kwenye kiroba. Kifuniko kimoja cha soda kinatosha matunguu matano. Funika mbolea kwa udongo kidogo, tunguu lisiiguse.

Weka matunguu sehemu yenye ncha ikiangalia juu, umbali wa sentimita 10 hadi 12 kati yao, mstari hadi mstari sentimita 20. Mmea mmoja peke yake ni mwembamba na unapotea machoni. Panda kwa makundi ya kumi na kuendelea, yashikane na kuegemeana. Ndoo ya lita 20 iliyotobolewa chini matundu manane hivi huchukua matunguu saba au manane.

Funika, shindilia kwa kiganja, tandaza nyasi kavu nyembamba. Kama fuko wanasumbua mtaani kwako, na pembezoni mwa mji wanasumbua, tandika wavu wa kuku chini na pembeni mwa tuta kabla ya kupanda. Fuko akigundua mstari wa matunguu huufuata kutoka mwanzo hadi mwisho na wewe juu huoni kitu mpaka majani yaanze kulala. Sumu na mitego vyote ni kazi ya kukimbizana. Wavu unaweka mara moja.

Matunzo hadi maua

Vichipukizi hutokeza baada ya wiki mbili au tatu. Palilia kwa mkono, si kwa jembe, kwa kuwa mizizi iko karibu, na vitoto vya tunguu hukua pembeni.

Maji ndiyo yanayoamua. Mvua ikisimama siku nne au tano kwenye kichanga, mwagilia kwa keni hadi udongo ulowane kina cha kidole chote. Mapumziko ya Januari na Februari huja wakati bua linaumbika ndani ya majani, na mmea uliokauka wiki hiyo hautoi ua, hata ukiumwagia bwawa zima la Igombe baadaye. Mtu akiniambia gladiola yake ilitoa majani tu, swali langu la kwanza ni hili la maji, la pili ni kivuli, la tatu ni ukubwa wa tunguu.

Majani yakiwa matano au sita rudia mbolea ile ile kwa kipimo kile kile. Usiongeze urea, itakupa majani laini yanayovutia vidukari.

Ukitaka kukata maua ya ndani, kata jioni ua la chini linapoanza kufunguka, na uache majani manne au zaidi kwenye mmea. Kwa biashara simshauri mtu: maua ni mepesi, kila moja hukaa siku chache, na mnunuzi wa harusi anataka rangi kubwa inayoonekana toka mlangoni. Hii ni gladiola ya nyumbani.

Wadudu na magonjwa

Thiripi ni wadudu wadogo mno, huonekana kama vijistari vyeusi vinavyokimbia ukikunjua petali. Dalili ni michirizi ya rangi ya fedha kwenye majani na maua yanayofunguka yakiwa yamekunjamana. Hujificha kwenye maganda ya matunguu wakati wa kuhifadhi, kwa hiyo vita vyao huanzia stoo. Shambani, nyunyiza maji ya sabuni asubuhi na jioni, ukilenga katikati ya majani. Wakizidi, muulize muuza pembejeo dawa ya thiripi iliyosajiliwa, na usinyunyize maua yamefunguka, kwani nondo unaowataka nao watakufa.

Batobato huonekana kama madoa ya kijani iliyofifia kwenye majani na michirizi isiyo sawa kwenye petali. Husababishwa na virusi, vikiwamo vile vya batobato ya maharage na vya batobato ya matango, na vidukari ndio wanaovisafirisha. Hiyo ndiyo sababu ya kutenganisha vitalu. Virusi vya matango hushika pia tumbaku, jambo ambalo mkulima wa Kaliua hapaswi kulipuuza. Dawa hakuna. Ng'oa mmea na tunguu lake, choma.

Uozo wa tunguu huanza kwa majani ya nje kuwa ya njano wakati mengine yangali mabichi. Ukichimba unakuta tunguu lina kahawia ndani. Ni ukungu wa Fusarium, na hukaa udongoni miaka. Usirudie gladiola mahali hapo kwa miaka minne; tumia ndoo.

Kutu ni vipele vya rangi ya machungwa vilivyokaa kwa mistari ya kukata jani kimkingamo. Ni ugonjwa wa asili ya Afrika ambao umeisumbua biashara ya gladiola hadi nje ya bara hili. Kata majani yaliyoshikwa, choma, na acha kumwagilia juu ya majani.

Mchwa hawagusi sana tunguu zima lililo hai. Hula nyasi za matandazo na kisha vijiti vya kuegemezea. Tumia vijiti vya chuma kama unavyo. Mbuzi, kwa upande wao, hawahitaji maelezo. Ila matunguu yakiliwa na mbwa humletea kutapika, na watoto wasiyachezee wakidhani ni njugu.

Kulaza kiangazi

Maua yakiisha, kazi ya mmea ndiyo kwanza inaanza. Tunguu ulilopanda linasinyaa, na jipya linajengwa juu yake kwa chakula kinachotengenezwa na majani. Ukikata majani Aprili kwa sababu hayapendezi, umekata maua ya mwaka ujao. Yaache wiki sita au nane, uendelee kuyapa maji kidogo hata mvua ikikata, mpaka yageuke njano yenyewe. Kwa kawaida hiyo ni Juni.

Hapo unachagua. Kama tuta lako ni la kichanga na halimwagiliwi, unaweza kuyaacha ardhini hadi mvua irudi. Mimi nachimbua, kwa sababu ya fuko, na kwa sababu karibu kila bustani ya mjini ina mchicha wa kiangazi pembeni, na maji ya mchicha yakilifikia tunguu lililolala huliozesha. Yaliyo kwenye ndoo ni rahisi zaidi: sogeza ndoo chini ya paa, ilaze ubavu, isahau.

Ukichimbua, tumia uma wa bustani au kipande cha mti, mbali kidogo na shina. Kung'uta udongo, usioshe. Kata bua sentimita mbili juu ya tunguu. Tandaza kivulini penye upepo wiki mbili hadi tatu, halafu vunja tunguu la zamani lililosinyaa chini na ulitupe. Chambua yenye madoa. Tia yaliyobaki kwenye mfuko wa wavu wa vitunguu, uning'inize chumbani penye hewa, mbali na bati. Septemba na Oktoba joto la chini ya bati lisilo na dari hukausha tunguu kabisa. Plastiki usitumie hata kidogo. Kila mwezi pitisha mkono, utoe lililolegea.

Vitoto na mbegu

Kuzunguka tunguu jipya utakuta vitoto vidogo. Vitenge, uvihifadhi pamoja na wenzao, na mvua ikija vipande kwenye kitalu kina cha sentimita tatu tu. Vikubwa vitachanua msimu wa pili, vidogo wa tatu. Kwa njia hii matunguu kumi yanaweza kujaza tuta zima bila kununua tena, na yote yatafanana na mama.

Mbegu huchukua muda zaidi lakini hazirithi virusi kwa urahisi kama matunguu. Nondo wasipokuja, saidia mwenyewe: saa moja usiku chukua unyoya laini wa kuku, gusa chavua ya ua la mmea mmoja, kisha uipake kwenye kijiti cha katikati chenye matawi matatu cha ua la mmea mwingine. Kifuko cha mbegu kitavimba, kitakauka na kupasuka sehemu tatu. Kichukue kikianza kupasuka, kwa maana mbegu ni nyepesi, zina ubawa wa karatasi, na upepo wa Juni hausubiri. Zihifadhi kwenye bahasha. Novemba zitawanye kwenye kopo lenye mchanga na mboji nusu kwa nusu, zifunike nusu sentimita, na udongo usikauke hata siku moja mwezi wa kwanza. Zitaota kama nyasi nyembamba, kwa hiyo andika jina kwenye kopo, asije mpalilia akazing'oa. Usizihamishe mwaka huo wala ujao; ziache zilale na kuamka humo humo, na matunguu yakifika ukubwa wa karanga ndipo uyapeleke kwenye tuta.